Vipande vya Mkono wa Kushoto

Watu wa kwetu Cradley Heath, mji wa wafua minyororo huko Uingereza, wakimtaja Vera Tromans husema alikuwa mwanamke wa wembe, na mgeni akisikia hivyo hushtuka. Hakuna aliyechanjwa. Vera alikuwa akikata utepe wa kurekodia muziki, miaka kumi na mitatu, katika studio iliyokuwa zamani kanisa dogo la Wamethodisti. Mimi nilikuwa mlangoni napokea simu na kuchemsha chai. Nitakayoyasema mengine niliyaona kwa macho yangu, mengine aliniambia mwenyewe, kwa sababu hakuwa na mtu mwingine wa kumwambia.

Bibi yake mzaa mama alifua minyororo katika kibanda cha nyuma ya nyumba, kama nusu ya wanawake wa kwetu zamani hizo. Mnyororo ukimalizika ulipelekwa kupimwa, unavutwa kwa mashine mpaka ulie. Pingili yenye ufa ilikatwa ikawekwa nyingine, lakini ile mbovu haikutupwa. Ilikaa kwenye ndoo chini ya fuawe mpaka mnyororo utoke mzima kwenye kipimo, ili likitokea la kutokea mtu aweze kuonyesha alichokitoa na kwa nini. Walikuwapo wachache walioujaza ufa mafuta ya nguruwe na masizi ili pingili ipite machoni. Bibi yake Vera hakuwasalimu wanawake hao hata kanisani.

Vera naye alikuwa na ndoo yake, ila yake ilikuwa kopo la tofi. Bendi hupiga wimbo mmoja mara tano, mara sita. Produsa anachagua mwanzo wa mara ya pili, katikati ya mara ya tano, mwisho wa mara ya kwanza. Basi Vera anaulaza utepe kwenye kibao cha chuma, anatia alama kwa penseli nyeupe pale hasa kijiti kinapogusa ngozi ya ngoma, anakata kwa mshazari, anaunga. Akishaunga, hata mbwa hasikii mshono. Kipande alichokitoa hukiandikia karatasi ndogo, tarehe na sababu, na kukitia koponi mpaka rekodi itoke madukani.

Desturi ya kazi ile ilitaka mkataji akae akiwa amekipa mgongo kioo kilichotenganisha vyumba, ili wanamuziki walio chumba cha pili wasiuone wembe. Wala hawakuambiwa amekata mara ngapi. Mgeni haambiwi mchuzi uliungua mara ngapi kabla haujafika mezani. Mimi nilidhani ni adabu. Siku hizi sijui niiite nini.

Netherend ilikuwa bendi yetu. Vijana wanne wa mitaa yetu, ingawa kufikia mwaka wa sabini na tisa ujana ulikuwa umebaki kwenye nywele tu. Walipiga roki nzito iliyotikisa vikombe vyangu kwenye rafu, na mpiga ngoma wao, Clem Willetts, alikuwa dume la mtu, aliyeanzia kazi kwenye tanuru la chuma akiwa na miaka kumi na mitano. Alizaliwa nyumba tatu kutoka kwa akina Vera. Vera ndiye aliyemsukuma kwenye kigari cha watoto mama yake alipokuwa kazini, kwa hiyo hata Clem alipofika miaka thelathini na minne, na picha yake iko ukutani kwa watu asiowajua, kwa Vera alikuwa mdogo wake.

"Bi Wembe," Clem alikuwa akimwita kila asubuhi anapopita, "leo unanikata wapi?"

"Nywele kwanza. Unanuka kama kondoo aliyelowa."

"Kondoo analipwa vizuri kuliko wewe, dada."

Kila siku hivyo hivyo, miaka kumi na mitatu. Nilikuwa nachoka kuwasikiliza. Sasa ningelipa nauli nikawasikilize tena.

Albamu ile ya nane, ambayo hakuna aliyejua kuwa ndiyo ya mwisho, tuliianza Februari. Kampuni iliwaletea produsa mpya kutoka London, Rupert Fenwick, mtu aliyevaa viatu vyeupe katika matope ya kwetu na kushangaa vinapochafuka. Wimbo wa kwanza, Vera alikata ngoma za Clem mara nne. Hilo lilikuwa jambo la kawaida. Wa pili, tisa. Kwenye wa tatu alianza kuandika neno lile lile kwenye karatasi zake: kushoto kumechelewa. Kushoto kumechelewa. Kushoto hakukugusa.

Kijiti cha mkono wa kushoto kilikuwa kinamponyoka. Clem mwenyewe alicheka, akasema ni uzee, akakifunga kwa utepe wa gundi. Lakini mwisho wa Februari alikuja mezani kwangu akaomba simu, akanigeuzia bega ili nisisikie, na mimi nikasikia vizuri sana. Alikuwa akithibitisha miadi na daktari wa mishipa ya fahamu katika hospitali kubwa. Alikuwa ameisubiri wiki sita. Alipewa tarehe kumi na mbili Machi, siku ya Jumatatu.

"Usimwambie Marlene," akaniambia. Marlene ni mkewe. "Atanilaza kitandani na kunivalisha soksi."

"Mkono umekuwaje, Clem?"

"Vidole vimelala, Win. Asubuhi nafunga vifungo vya shati kama mtoto wa chekechea. Labda si kitu."

Wiki hiyo hiyo Vera alimfuata Fenwick. Nilikuwa naingiza chai, na hakuna anayemwona mwenye chai.

"Huyu kijana anaumwa," Vera akasema. "Nilichokitoa wiki hii sijapata kukitoa kwa mpiga ngoma yeyote. Aambiwe."

"Aambiwe nini? Kwamba hawezi tena?" Fenwick alizungumza taratibu, karibu kwa upole. "Mama, ukimwambia mpiga ngoma kwamba anachelewa, kesho atachelewa zaidi. Tumalize albamu. Kisha aende kwa daktari, apumzike, hata mwaka mzima. Wiki mbili tu. Kwani si kazi yako kuunga?"

Ilikuwa kazi yake. Hapo ndipo alipomnasa, kwa sababu Vera alikuwa na kiburi kimoja tu maishani, na kiburi chenyewe kilikuwa ni mikono yake. Alirudi kwenye kibao, akakipa kioo mgongo. Wimbo wa sita, ulio mgumu kuliko yote, wenye ngoma peke yake dakika nzima katikati, aliukata siku tatu. Mara arobaini na moja. Dakika ile moja ya ngoma aliijenga kutoka majaribio saba, pigo la hapa, pigo la pale, kama mtu anayekusanya shanga sakafuni na kuzitunga upya. Aliniita nisikilize, macho mekundu, na sitadanganya: nywele zilinisimama. Sijapata kusikia ngoma zimekaa vile. Vera alitabasamu. Tabasamu lile alilijutia kuliko machozi yote yaliyofuata.

Ijumaa, tarehe tisa Machi, bendi ikaja kusikiliza. Clem alisimama katikati ya chumba, mkono wa kushoto ameutia mfukoni. Wimbo wa sita ulipofika kwenye ngoma zile, wenzake walianza kumpiga mabegani. Yeye hakucheka. Ulipokwisha aliomba urudiwe, akasikiliza tena ameinama, kisha akamwendea Vera.

"Dada. Niambie ukweli. Yule ni mimi?"

Fenwick alikuwa amesimama karibu na mlango. Vera aliniambia hakumtazama Fenwick hata kidogo. Alimtazama Clem, akaona uso wa mtu anayeomba asikie jambo moja tu.

"Ni wewe," akasema. "Kila pigo ni lako."

"Haki ya Mungu?"

"Haki ya Mungu, Clem. Hakuna pigo hata moja la mtu mwingine."

Na ilikuwa kweli, neno kwa neno, ndiyo maana haikumkwama kooni. Clem akautoa ule mkono mfukoni, akauinua mbele ya uso wake kama mtu anayemkaripia paka.

"We mwongo mkubwa," akauambia. "Umenitisha bure."

Akaja mezani kwangu moja kwa moja, akaomba simu. Safari hii hakunigeuzia bega. "Hapana, dada, nimepona," akamwambia wa hospitali. "Nafasi yangu mpeni mwingine. Mpeni mama fulani mwenye shida ya kweli."

Nikamwambia, "Clem, si ungeenda tu? Kwenda si hasara."

"Win, si umesikia ile? Mgonjwa anapiga vile?"

Mimi niliyejua za siku tatu, mimi niliyeuona wembe, nilimwuliza kama anataka chai. Akasema anataka. Nikampa.

Rekodi ilitoka Septemba. Waandishi waliomcheka Clem miaka yote kwamba anapiga kama mhunzi waliandika kwamba hatimaye amefika. Madukani, vijana walikuwa wanainua sindano na kuirudisha kwenye dakika ile ya wimbo wa sita, tena na tena. Kwa desturi, Vera angelimwaga kopo la tofi siku hiyo. Hakulimwaga. Nilimwuliza kwa nini, akasema mnyororo bado haujavutwa.

Ulivutwa Novemba. Bendi ilikuwa ziarani, na Clem, ambaye tayari alikuwa anaangusha vijiti kila usiku na kusingizia jasho, alianguka kwenye ngazi za jukwaa. Miguu haikumsikia. Walimpasua mwezi uliofuata. Mfupa wa shingo ulikuwa umeubana uti wa mgongo, polepole, tangu zamani, na mikono ndiyo iliyotoa taarifa ya kwanza. Daktari alisema wazi: angefunguliwa mapema, angebaki na sehemu kubwa ya alichokuwa nacho. Sasa walikuwa wamezuia tatizo lisizidi, basi. Clem akarudi nyumbani kwenye kiti cha magurudumu, mikono imelala juu ya mto kama vitu vya mtu mwingine.

Wazee husema mficha maradhi kifo humuumbua. Hawakusema lolote juu ya yule anayefichiwa maradhi yake na watu wanaompenda.

Habari iliyomvunja Vera hakuipata hospitali. Aliipata kwa muuza nyama, kutoka kwa Marlene mwenyewe, foleni nzima ikisikiliza. Daktari alikuwa amemwuliza Marlene yalianza lini, naye akajibu Oktoba. "Nikamwambia Machi alikuwa mzima kabisa. Nikamwambia, daktari, sikiliza rekodi. Mtu anaumwa anapiga vile?" Kisha Marlene akaanza kulia pale pale, mfuko mkononi. "Februari alivunja vikombe viwili. Nikamwambia umelewa. Mwezi mzima, Vera, nilimnusa mdomo kila akiingia. Mke gani mimi, nalala naye kitanda kimoja nisijue kama ni mgonjwa au mlevi?"

Vera aliiacha nyama yake kaunta, akaja kwangu bila koti. Alikaa jikoni.

"Anajilaumu," akasema. "Amebeba mzigo wangu, Win, anatembea nao barabarani watu wanamwona."

Nami nilimshauri nini? Nilimshauri anyamaze. Nilisema ukweli hautamrudishia Clem vidole. Nilisema Fenwick ndiye mwenye kosa, na Fenwick yuko London, viatu vyake vyeupe. Nilisema watamfukuza Vera mlangoni, na yeye hana watu wengine duniani zaidi ya wale wawili. Kila neno lilikuwa la busara, na kila neno lilikuwa la kujificha nyuma yake mimi mwenyewe, maana akisema yeye, simu yangu nayo itasemwa.

Alinyamaza miezi minne. Alikonda. Kazini mshono wake wa kwanza kusikika ulisikika mwaka huo. Kijana mmoja mpiga ngoma alimshika mkono studioni akamwuliza ile ngoma ya Clem Willetts ilirekodiwaje, akamjibu, "Kwa uongo," na yule kijana akacheka akidhani ni mzaha wa kwetu.

Mwezi wa nne, Alhamisi moja, alinikuta nafunga mapazia. Alikuwa na kopo la tofi kwapani na kaseti mkononi. Alikuwa ameviunga vipande vyote alivyovitoa, kwa mpangilio wa tarehe, akavinakili. "Nibebee redio yako ya kaseti," akaniambia. "Leo nakwenda kwa Clem. Usipotaka kuja, niazime tu."

Nilikwenda. Nilitaka kukataa mpaka tulipofika mlangoni.

Marlene alikuwa ametengeneza matonge ya maini na njegere, na alifurahi kutuona. Hilo liliniuma. Clem alikuwa mezani, sahani mbele yake. "Bi Wembe," akasema. "Umepungua. Sasa hata wewe ni mwembamba kama chombo chako."

Vera hakujibu mzaha. Alikaa mbele yake bila kuvua koti.

"Clem, uliniuliza kama yule ni wewe. Nikakuapia. Leo nimekuletea ulichokipiga hasa."

Nikabonyeza redio. Vilikuja vipande vifupi vya ngoma, sekunde moja, sekunde mbili, na Vera akitaja tarehe kwa sauti kutoka kwenye karatasi zake. Tarehe kumi na nne Februari. Tarehe ishirini. Vya mwanzo hata mimi sikusikia kitu. Vya Machi, hata mtoto angesikia. Mkono wa kulia unatembea, wa kushoto unachechemea nyuma yake, unaanguka, unaamka. Clem aliacha kumtazama Vera, akawa anaitazama redio. Midomo yake ilikuwa inahesabu.

"Hapo," akasema. "Rudisha."

Nikarudisha.

"Hapo nilijua. Niliporudi kusikiliza nikaona hamna kitu, nikasema nimeota. Ni tarehe ngapi?"

"Tarehe tano Machi."

"Na ule wimbo wa sita, umeukata mara ngapi?"

"Arobaini na moja."

"Nilikuwa na miadi tarehe kumi na mbili."

"Najua."

"Ulijua siku ile?"

"Sikujua siku ile. Nilikuja kujua baadaye. Lakini nilijua unaumwa, Clem. Nilijua kuliko mtu yeyote, nilikuwa nimekushika vipande vipande mkononi."

"Mimi nilijua miadi," nikasema. "Ulipiga simu mezani kwangu. Na arobaini na moja pia nilizijua." Hata hakunigeukia.

Marlene alikuwa amesimama na kijiko. "Februari," akasema. "Kumbe vile vikombe." Akamtazama mumewe. "Hukuwa umelewa."

"Nilikwambia sijalewa."

"Uliniambia." Akaweka kijiko mezani. Kisha akamgeukia Vera, na sauti yake haikupanda hata kidogo. "Uliniona kwa muuza nyama. Nililia mbele ya watu wote, na wewe umesimama pale unanitazama." Akafungua mlango wa nyuma akatoka uani. Tulimsikia akilisogeza pipa la taka bila sababu, huku na huku.

Kaseti ilikuwa bado inaendelea. Nikaizima. Vera alisema nisamehe, mara moja tu, kwa sauti ndogo, na Clem hakusema amesamehe. Sikumsikia akilisema neno hilo siku hiyo, wala siku nyingine yoyote miaka yote Vera alipokuwa akienda kule kila Alhamisi, mpaka Vera alipofariki. Marlene alianza kumfungulia mlango baada ya majira mawili ya baridi.

Lakini hayo yalikuja baadaye. Siku ile tulikaa tu, chakula kinapoa. Nilikuwa nimeshainuka niondoke.

"Nina njaa," Clem akasema. "Na aliyekuwa ananikatia ametoka nje." Akamwonyesha Vera sahani kwa kidevu. "Si wewe ndiye fundi?"

Vera akachukua kisu na uma. Akaivuta sahani upande wake, na bila kufikiri, kwa mazoea ya miaka yote ile, akageukia dirisha akatugeuzia mgongo.

"Hapana," Clem akasema. "Geuka. Kata hapa mbele yangu, nione."

Vera akageuka. Akairudisha sahani katikati yao, akakata tonge la kwanza, na mkono wake wa kushoto, ulioshika uma, ukalikosa, akachoma tena. Clem hakuuondolea macho mpaka alipomaliza kukata.